Dada wa Fundi Fremu

Viongozi wetu wa dini, majirani, mafundi wenzake na marehemu, na ninyi nyote mlioacha shughuli zenu mkaja kutushika mkono, familia inawasalimu na inaomba muda wenu kidogo, ili isomwe safari ya mzee wetu, ambaye wengi wenu mlimjua kwa jina la Fundi Fremu, na anayesoma ni mkwe wake, mume wa binti yake wa mwisho, fundi baiskeli wa pale mteremkoni, ambaye shule yake iliishia darasa la saba na anayekiri mapema kwamba hajui kupamba maneno, kwa hiyo akikwama mahali mumvumilie, na akifika kwenye jambo lisilozoeleka kusemwa mbele ya jeneza, mjue familia imekaa, imesali, na imekubaliana lisemwe.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 mwezi wa tatu mwaka 1951, katika chumba cha uani nyuma ya kiwanda cha sabuni, akiwa mtoto wa kwanza na wa mwisho wa baba mlinzi wa kiwanda hicho na mama aliyefua mashuka ya hospitali, na kwa kuwa baba yake naye alizaliwa peke yake, na mama yake aliachwa akiwa mchanga mlangoni mwa kituo cha watoto, marehemu hakuwa na baba mdogo, hakuwa na mjomba, hakuwa na shangazi, hakuwa hata na binamu wa kumsingizia alipovunja kikombe, na mwenyewe alipenda kusema kwamba ukoo wao wote ungeweza kulala kitanda kimoja na nafasi ya mgeni ikabaki.

Alianza shule mwaka 1959 na kumaliza darasa la saba mwaka 1965, akiwa mwanafunzi wa kawaida, si wa mbele wala wa mkia, isipokuwa kuna siku moja ambayo hakuisahau mpaka uzeeni, siku mwalimu alipowasimamisha watoto mmoja mmoja wataje ndugu zao, wenzake wakataja mashangazi na mama wadogo mpaka vidole vikawaishia, na zamu yake ilipofika akasema, “Mimi nina baba na mama,” akakaa, mwalimu akamwambia, “Endelea,” naye akajibu, “Nimemaliza,” ndipo mmoja wa nyuma akauliza kwa sauti, “Kwani wewe ulizaliwa au ulianguliwa?” na darasa zima likaangua kicheko, na kwa miezi mingi baada ya hapo akipita uwanjani aliitwa Kifaranga.

Mwaka 1967 alikwenda kujifunza kazi kwa fundi vioo mmoja mkali, akajifunza kukata kioo kwa kile kigurudumu kidogo cha chuma, kupiga kona za mbao zikakutana bila mwanya, na kubana picha kwa misumari myembamba, na mwaka 1974 akafungua duka lake mkabala na posta, chumba kimoja chenye benchi, taa ya kuning'inia na ukuta mrefu, na picha ambazo wenyewe hawakurudi kuzichukua hakuzitupa, alizitundika ukutani humo, maharusi wa watu, wazee wa watu, vichanga vya watu, na mteja akiuliza hawa ni akina nani, alijibu bila kutabasamu, “Ni wageni wangu, wamechelewa kuondoka.”

Tarehe 6 mwezi wa tisa mwaka 1975 alifunga ndoa na binti wa fundi cherehani, ambaye leo ni mjane aliyeketi mbele yenu, na hapa mkwe anaomba msikilize kwa makini, maana yote yaliyofuata yalianzia mlangoni siku ile, bibi harusi alipofikishwa nyumbani kwa mumewe na watu wa kwao wakasimama wakingoja mwanamke wa upande wa bwana harusi ajitokeze, amshike mkono, amwingize ndani, na upande wa bwana harusi alikuwepo mama yake tu, ambaye miguu ilikuwa imemvimba hawezi kuinuka kitini, basi watu wakaanza kukohoa, na bwana harusi akasikia mtu nyuma akinong'ona, “Hana hata dada wa kuazima?”

Ndipo akatoka mwanamke katikati ya watu, amevaa gauni la rangi ya majivu, ananukia shuka lililokauka juani, akamshika bibi harusi mkono akamwambia, “Karibu kwetu, wifi,” wakaingia, vigelegele vikapigwa, na picha ikapigwa palepale kizingitini, maharusi wamekaa, watu wa bwana harusi kushoto, watu wa bibi harusi kulia, na yule mwanamke amesimama nyuma yao, katikati kabisa.

Hakuna aliyemuuliza wewe ni nani. Tunajuana, kumuuliza mgeni wa harusini ametokea wapi ni sawa na kumnyang'anya sahani mkononi. Watu wa bibi harusi walisikia neno wifi wakajua huyo ni dada wa bwana harusi, mama wa bwana harusi akadhani wakwe zake wamemsitiri kwa kumtolea mtu wao, akashukuru kimoyomoyo na kunyamaza, na bwana harusi mwenyewe akafikiri mama yake amemtoa mahali, pengine kwenye kile kituo alikolelewa, wala hakutaka kumtonesha mama kwa kumuuliza.

Mungu aliwajalia watoto watatu, wa kwanza mwaka 1977, huyu tunayemwita Kaka Mkubwa, wa pili mwaka 1980, na wa mwisho mwaka 1984, ambaye ni mke wa anayesoma, na kila mtoto alipozaliwa yule mwanamke alifika, akampakata, akasema, “Huyu ni kaka mtupu,” akafua, akaosha vyombo, akaondoka, na watoto wakakua wakimwita Shangazi, wakamzoea kama wanavyozoea mvua, ikija imekuja, haulizwi mtu imelala wapi.

Mwaka 1989 mama mzazi wa marehemu aliugua, na siku moja mchana, akiwa amekwisha kunawishwa, alimwambia mwanawe kwamba yule binti wa wakweze, huyu anayeitwa Shangazi, ana moyo wa peke yake, asije akawasahau watu wa namna ile, na marehemu akaitikia, akatoka uani alikokuwa mkewe anapika, akamuuliza, “Hivi Shangazi ni mtoto wa nani kule kwenu?” mkewe akacheka akamwambia, “Kwetu? Acha utani wako, si dada yako yule?” naye akasema, “Mimi nina dada?” wakatazamana, na mke akainama akazima jiko, chakula kikiwa bado hakijaiva.

Walipomzika mama, Shangazi alikuja, akakaa na wafiwa mkekani, na wao wawili wakamtazama muda wote, kila mmoja akimngoja mwenzake aulize, hakuuliza yeyote, na alipoaga walimjibu kama kawaida, “Haya wifi, haya dada, tuonane,” maana, kama marehemu alivyomweleza mkwe wake baadaye, mtu akikulilia mama yako kwa machozi ya kweli, utaanzia wapi kumwambia huruhusiwi?

Mwaka 1991 alikuja katika mtaa wetu mama mmoja msomi, mtafiti, ambaye kazi yake ilikuwa kujua watu wanavyohusiana, nani anamwita nani nani, nani anamwamkia nani, nani akifiwa nani hukaa karibu, na kwa maswali yake mtaa ukampa jina la Bibi Maswali, naye alimwajiri marehemu amtembeze nyumba kwa nyumba, kwa sababu fundi fremu huingia sebule zote na hukumbuka sura, na mama huyo alikuwa mtu mwema, mcheshi, alichora ukoo wa kila nyumba, pembetatu kwa mwanamume, duara kwa mwanamke, mstari wa ndoa, mstari wa uzazi, na watoto walimfuata wakidai wachorwe pembetatu zao.

Sasa katika nyumba zilizopungukiwa na watu, kwa mtu asiye na mama mdogo, kwa yatima, kwa mjane aliyefika mtaani hana mtu, Bibi Maswali aliona duara moja ambalo hakupata pa kulining'iniza, huku anaitwa Mama Mdogo, kule anaitwa Dada, kwa wengine ni Bibi wa Upande wa Pili, na ukiuliza upande wa pili wenyewe wanakwambia ni wa upande wa kwanza, na walipoletewa picha za harusi, marehemu aliitambua sura ileile, gauni lilelile, katikati palepale, isipokuwa kwa mzee alikuwa mzee na kwa kijana alikuwa kijana, na baadhi ya harusi hizo zilifungwa mwezi mmoja.

Mwanzoni Bibi Maswali alicheka, akasema watu wa mtaa huu mnanichezea, kisha akaacha kucheka, na jioni moja dukani alimweleza marehemu kwamba wasomi wa fani yake wanajua undugu wa damu, na wa ndoa, na wa kiapo, na wa kulea, lakini huyu hana undugu hata mmoja wa namna hizo, huyu ameshikwa na neno tu, wanamwita naye anaitika, “Huyu, fundi, ni ndugu wa kuitwa,” akasema, na marehemu akamuuliza, “Na asipoitwa?” naye akafunga mkoba wake akasema hilo hajui, na afadhali lisijulikane kupitia kwake, na siku alipoondoka, yeye ambaye alikuwa ametuambia hana ndugu aliye hai, watu wa stendi walimwona amekumbatiwa kwa muda mrefu na mwanamke wa gauni la majivu, wakasema, “Kumbe ana mama yake mdogo hapahapa, na alivyokuwa anatuuliza sisi!”

Lililofuata marehemu alilibeba moyoni mpaka mwisho, na alimruhusu mkwe wake alitaje. Maswali yale yalikuwa yamewafungua watu macho, na mwaka 1993 mwashi mmoja, jirani yetu, baba wa watoto wanne, aliingia dukani na picha yake ya harusi, akaiweka benchini akasema, “Nikatie huyu hapa. Tumeulizana nyumba nzima, si wa kwetu,” marehemu akamwambia, “Yuko katikati, nikimtoa nitapasua picha,” mwashi akasema, “Pasua, wewe si fundi?” na marehemu, ambaye naye alikuwa na hofu ileile, na labda alitaka kuona, alichukua rula na wembe akakata mara mbili, akautoa ule ukanda wa upana wa vidole viwili, akasogeza vipande vilivyobaki vikakutana, akavibana vizuri sana, mshono usionekane, kazi ambayo alisema hajawahi kufanya nzuri kama ile, na hajawahi kujutia kazi kama ile.

Yule mwanamke hakuonekana tena nyumbani kwa mwashi, wala hakuna aliyefariki, wala hakuna aliyeugua, mambo yalikwenda polepole, kama uzi unaochomoka kwenye pindo, kwanza watoto waliacha kumwita mwashi baba wakawa wanamwita mzee, kama mzee yeyote, kisha binti yake wa pili alikutana na mama yake sokoni, akamwamkia kwa adabu shikamoo mama, mama akaitikia marahaba mwanangu, akamuuliza, “Kwenu ni wapi?” binti akamtajia nyumba, mama akasema, “Aa, naifahamu, napita hapo,” wakaagana, na waliokuwa karibu wanasema hawakuwa wamegombana wala kuchanganyikiwa, walijuana majina na sura, kilichopotea ni kile tu kinachomfanya mtu ageuke anapoitwa.

Kabla mwaka haujaisha kila mmoja alikuwa anaishi kwake, nyumba ikapangishwa, na marehemu alipomtembelea mwashi katika chumba alichohamia, akamuuliza habari za watoto, mwashi alifikiri akasema, “Ninao, naambiwa,” basi marehemu akafungua gazeti akamtolea ule ukanda, aliokuwa ameutia fremu yake ndefu, akamwambia, “Mrudishe, mwite tu, mwite hata dada,” mwashi akauinua kwenye mwanga, akaugeuzageuza, akauliza, “Nimwite nani, fundi? Huu si ukuta?” na marehemu alipotazama, kweli, palikuwa na ukuta tu, ule ukuta wa nyuma ya maharusi, mweupe, na msumari mmoja.

Fremu hiyo ndiyo ile nyembamba iliyotundikwa sebuleni kwetu kando ya mlango, wengi wenu mmeiona mkadhani ni pambo, na tangu siku ile marehemu hakukubali tena kumkata mtu kwenye picha, hata mume aliyeachana na mkewe alipomlilia alimfukuza, na alipomwona Shangazi kwenye shughuli yoyote alikuwa wa kwanza kuinuka, akimwita kwa sauti ya kusikika nyumba nzima, “Dada! Njoo ukae huku kwetu,” na watoto walidhani ni ucheshi wa uzee.

Kuhusu kuugua kwake, marehemu alianza kusumbuliwa na figo mwezi wa nane mwaka jana, akalazwa mara tatu, na mara ya mwisho mjane alipofika wodini na uji alimkuta amekwisha kula na kubadilishwa shuka, muuguzi akamwambia, “Dada yake ametoka sasa hivi, mmepishana ngazini,” na mjane, ambaye hakupishana na mtu ngazini, alikaa akanusa lile shuka, na siku hizohizo marehemu alimshika mkwe wake mkono akamwambia, “Historia yangu utasoma wewe, maana hawa wanangu wamesoma sana watataka iwe fupi. Usinisome kama mtu wa pekee. Useme nimeacha dada,” mkwe akaahidi. Marehemu alifariki siku ya Jumanne asubuhi, watoto wake wote wakiwa wamemzunguka.

Sasa mkwe anapaswa kusema kwamba ahadi ile nusura aivunje, na Mungu amsamehe, kwa sababu juzi mchana, familia ilipokaa mezani kupitia maandishi haya, Kaka Mkubwa, ambaye ni mhasibu na mambo yake ni ya kuonekana na kushikika, alisema, “Shemeji, baba alikuwa mtoto wa pekee, mji mzima unajua, ukisoma hivyo watu watatucheka msibani,” na mkwe, ambaye ni mwoga wa mabishano na wakati mwingine huita uoga huo heshima, akaukata mstari ule wa dada kwa kalamu, akasoma upya yote tangu mwanzo bila huo mstari, na wote wakasema imekaa vizuri.

Mjane naye alisema imekaa vizuri. Kisha akamgeukia Kaka Mkubwa, aliyekuwa kiti cha pili kutoka kwake, akamwambia kwa upole ule anaowapa wageni, “Ahsante sana kwa kuja, baba. Samahani, macho yangu haya, wewe ni wa upande wa marehemu au wa upande wetu?”

Kaka Mkubwa alicheka kidogo, akasema, “Mama, ni mimi,” mjane akajibu, “Ndiyo, nakuona kila siku, nakufahamu vizuri. Nauliza ni wa upande upi,” na binti wa mwisho akashika mdomo, na mkwe anaapa mbele ya Mungu kwamba wakati huo, kwa muda wa mtu kuvuta pumzi, alimtazama mkewe wa ndoa akamwona ni mama fulani tu mwenye msiba, akawa anatafuta neno la kumpa pole asilipate.

Aliyechukua kalamu hakuwa mkwe. Ni Kaka Mkubwa mwenyewe, akauandika mstari ule upya kwa mwandiko wake mzuri wa ofisini, akausoma kwa sauti, mara moja, na tena, akaongeza, “Shangazi, tusamehe,” na mjane akamtazama kuanzia kichwani hadi miguuni akasema, “Wewe mtoto, mbona tangu asubuhi hujatia kitu tumboni? Unataka kuniangukia?” ndipo mtu mzima yule akaweka kichwa mezani akalia kwa mara ya kwanza tangu baba yake afariki.

Kwa hiyo familia inasema, bila aibu na bila kupunguza, kwamba marehemu ameacha mjane mmoja, watoto watatu, wakwe watatu, wajukuu saba, na dada mmoja.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya figo kwa mikono yao mizuri, na muuguzi yule kwa kumkaribisha ndugu yetu bila kumdai kitambulisho, tunawashukuru majirani mliotuletea maji, viti na turubai, tunawashukuru mafundi vioo na maseremala waliofunga maduka yao leo, tunamshukuru mzee mwashi ambaye amekuja na kukaa peke yake kule mwisho, tunamwomba asogee huku mbele, kwetu nafasi ipo, na kama tumemsahau mtu, ni uchache wa akili zetu, si uchache wa upendo.

Ombi la mwisho. Familia itakapoitwa kusimama kuzunguka kaburi, mtaona watu ambao hesabu yao pengine haitalingana na mliyoisikia, mtaona wa kushoto na wa kulia, na katikati mtaona mtu, basi msigeuke kunong'onezana, na asimuulize mtu yeyote ametokea upande upi, bali aliye karibu naye ampishe tu, amwambie pole dada, pole shangazi, pole wifi, neno lolote litakalomjia mdomoni, maana ndilo linalotushika.

Pumzika kwa amani, baba, fundi wetu, kaka wa dada yako. Shangazi, njoo ukae huku kwetu.